Kompyuta Inajuaje Nani Anahitaji Msaada?

Mwaka 2020, korona ilipobana biashara nchini Togo, serikali na shirika la GiveDirectly zilitumia akili bandia kutafuta wenye shida zaidi. Programu ilisoma picha za setilaiti kujua maeneo maskini, kisha ikaangalia vile watu hutumia simu. Waliochaguliwa walitumiwa pesa moja kwa moja kwa simu.

Lakini kompyuta hukosea. Ukitumia laini ya mtu mwingine, inaona maisha yake, si yako. Kwa hivyo sajili laini kwa jina lako.

Na ukipigiwa simu eti "umechaguliwa kupata msaada", chunga: msaada wa kweli hauulizi PIN, wala hautaki utume pesa kwanza. Ukiulizwa, kata simu.