Ramani ya Wakati Inayoanzia Mofu

Sogeeni karibu, wajukuu zangu, na mmoja wenu aniletee kijiti kilichonyooka. Leo tunachora ramani, ila si ya mito na milima. Ni ramani ya wakati, na tunaianzia hapa hapa Mofu, bonde la Kilombero.

Kisimikeni wima penye uwazi. Asubuhi kivuli chake ni kirefu, kimelala upande wa magharibi. Jua likipanda kinajikunja, kinafupika mpaka basi, halafu kinaanza kurefuka kuelekea mashariki. Pale kilipokuwa kifupi kabisa ndipo adhuhuri ya Mofu. Sasa tazameni saa kwenye simu. Mngetegemea iseme saa sita kamili, sivyo? Itakuwa imeshapita saa sita kwa nusu saa hivi, miezi mingine zaidi kidogo, mingine pungufu.

Simu haijaharibika. Saa ya Tanzania imefungwa kwenye mstari wa longitudo ya 45 mashariki, ambao haugusi hata shamba moja la nchi yetu. Unapita kule baharini, na mji wa Mogadishu uko karibu nao. Jua linafika utosini kwao kwanza, ndipo lije kwetu. Kwa hiyo kijiti kinataja adhuhuri ya Mofu na simu inataja adhuhuri ya mbali, na vyote viwili vinasema kweli. Tayari mmeona dunia mbili za wakati bila kutoka uwanjani.

Anayesafiri kati ya dunia hizi ana swali moja la kuuliza kila mpakani: hapa mnaanzia wapi kuhesabu?

Waswahili tunaanzia jua linapochomoza, na usiku tunaanzia linapozama. Wengine wanaanzia usiku wa manane. Ndiyo maana mshale mfupi wa saa ya ukutani ukielekea 7, bibi yenu anasoma namba iliyo upande wa pili na kusema saa moja. Hesabu hii inatufaa kwa sababu tuko karibu na ikweta: hapa bondeni, mchana wa Desemba unauzidi ule wa Juni kwa saa moja tu hivi. Kule London mchana wa Juni unapita saa 16, na wa Desemba haufiki 8. Mtu wa huko akihesabu kuanzia macheo, saa moja yake haitakaa mahali pamoja. Waethiopia wanahesabu saa kama sisi, ila mwaka wao una miezi 13 na uko nyuma ya huu wetu kwa miaka saba au minane. Ukifika Addis Ababa, saa utaielewa mara moja, lakini kwa kalenda yao utakuwa umerudi darasa la kwanza.

Hata juma letu limeshonwa kwa vitambaa viwili. Jumamosi ni siku ya kwanza, Jumapili ya pili, endeleeni mpaka Jumatano, ya tano. Kesho yake ni Alhamisi, neno la Kiarabu ambalo nalo maana yake ni ya tano, kwa kuwa Waarabu wanaanza kuhesabu Jumapili. Tano mbili zimekaa jirani kwenye juma moja, nasi tunazipita kila wiki bila kujikwaa.

Kisha kuna dunia ya treni. Reli ya TAZARA inakatiza bonde letu, inapita Ifakara na Mlimba, kilomita 1,860 kutoka Dar es Salaam hadi New Kapiri Mposhi kule Zambia. Ukiona imeandikwa 16:00, ondoa sita upate saa kumi jioni. Na pale Tunduma, ukivuka mpaka saa nne asubuhi kuingia Nakonde, unakuta kwao ndiyo kwanza saa tatu.

Lakini saa ninayoipenda mimi kuliko zote haina namba. Ni mto Kilombero. Mvua za masika zikishuka kutoka Udzungwa upande huu na Mahenge upande ule, mto unapanda, unatanda, mbuga inageuka ziwa. Kambale wanaingia kwenye nyasi zilizozama wakatage. Maji yakianza kurudi, mvuvi anajua wakati wake umefika. Naye anayelinda mpunga juu ya dungu haulizi tarehe, anatazama mashuke. Mwaka mmoja saa hii inawahi, mwingine inachelewa, na wote wanaifuata.

Sasa fanyeni kazi ya mabaharia wa wakati. Babu anakwambia alizaliwa mwaka wa maji makubwa. Wewe unataka tarakimu. Usimwambie hajui umri wake, maana anaujua kwa saa ya mto. Mtafutie mahali ambapo dunia yake na ya kalenda zinagusana. Muulize: babu, mwaka huo reli ilikuwa imefika? Akikujibu kwamba Wachina walioijenga walikuwa bado wanatandika mataruma, umeshampata kati ya 1970 na 1975. Muulize tena kama mwaka huo Ramadhani iliangukia kiangazi au mvua za vuli, kwa sababu mwaka wa mwezi mwandamo ni mfupi kwa siku kama 11, na Ramadhani huizunguka misimu yote kwa miaka 33 hivi. Jibu la pili linapunguza miaka mnayoitafuta. Andikeni majibu yote mawili, na jina la aliyewapa.

Kijiti msiking'oe. Mwishoni mwa Februari, na tena katikati ya Oktoba, njooni mkitazame ifikapo adhuhuri ya Mofu, kama mawingu yataruhusu. Mtakitafuta kivuli msikione, kwa kuwa kitakuwa kimeingia chini ya kijiti chenyewe.