Pale Kano Inaposhika Mfupa

Katika miaka ya 1980, mwanasayansi wa Finland aitwaye Paavo Komi alipata njia ya kijasiri ya kupima kano ya kisigino ikiwa kazini. Watu waliojitolea walichomwa ganzi, wakapasuliwa kidogo nyuma ya mguu, na kibana cha chuma chenye kipima nguvu kikavishwa kwenye kano yenyewe. Kisha wakatakiwa watembee, waruke, wakimbie. Mkimbiaji mmoja alipofikia kasi ya mita 6 kwa sekunde, kipimo kilipanda hadi kilonewton 9, sawa na mara 12.5 ya uzito wa mwili wake. Mzigo huo wote, hatua baada ya hatua, ulikuwa ukiishia kwenye sentimita chache za mraba: pale kano inaposhika mfupa wa kisigino.

Mahali kano au ligamenti inapojishika kwenye mfupa wataalamu hupaita enthesisi. Hapa tupaite kishikizo. Mwilini mna vishikizo zaidi ya 100: kwenye kiwiko, bega, goti, nyonga, mbavu, unyayo, na kati ya pingili za uti wa mgongo. Vikiwa vizima, hakuna anayevikumbuka. Vikipata mchochota, yaani seli za kinga zikavivamia, vikavimba na kuuma, mtu anaweza kushindwa kushuka kitandani asubuhi bila kushika ukuta. Maumivu ya vishikizo yana sura mbili zinazofanana kwa nje, ila tiba zake haziendi njia moja. Kuzichanganya kumewagharimu wengi miaka ya maumivu yaliyoweza kuepukika.

Laini na gumu

Kano hunyumbuka, mfupa haunyumbuki. Kila fundi anajua kwamba kitu laini kikiunganishwa na kigumu, mkazo wote hujikusanya kwenye maungio. Ndiyo maana waya wa chaja ya simu hukatika shingoni, pale unapoingia kwenye kichwa chake, na ndiyo maana watengenezaji huivisha shingo hiyo mpira.

Mwili umelitatua tatizo hilo kwa ustadi mkubwa zaidi. Katika vishikizo vingi, kano haigeuki mfupa ghafla. Kwanza kuna nyuzi za kolajeni za kano yenyewe, kisha gegedu yenye nyuzi, kisha gegedu iliyoingiwa na madini ya kalsiamu, na mwisho mfupa. Ugumu unaongezeka kidogo kidogo, na mpaka kati ya gegedu hiyo ngumu na mfupa una mawimbi na meno yanayoingiliana, ili nguvu ya kuvuta isambae. Ufundi huu una gharama yake. Gegedu haina mishipa ya damu, kwa hiyo palipochanika hapaponi upesi. Hata daktari wa upasuaji akishona upya kano ya bega iliyong'oka, mwili hauzirudishi zile tabaka nne kama zilivyokuwa. Hupaziba kwa kovu.

Mwaka 2001, mwanaanatomia Michael Benjamin wa Cardiff na daktari wa baridi yabisi Dennis McGonagle wa Leeds walieleza kwamba kishikizo hakifanyi kazi peke yake. Tazama kisigino. Mbele ya kano, kabla haijafika inaposhika, kuna kifuko chenye ute wa kulainisha, pana pedi ya mafuta yenye neva, na pana uso wa mfupa uliofunikwa na gegedu. Unapokunja mguu vidole vikaelekea juu, kano hulala juu ya mfupa huo na kuusukuma, na mzigo hugawanywa. Kano, kifuko, mafuta na mfupa ni kiungo kimoja cha mwili. Kwa hiyo jeraha dogo kwenye gegedu isiyo na damu linaweza kuamsha mchochota kwenye jirani yake mwenye damu na seli za kinga tele.

Kutoka uwanjani hadi kwenye jeni

Mwaka 1959, Giuseppe La Cava, daktari wa michezo wa Italia, aliyaeleza maradhi ya vishikizo kuwa ni majeraha ya kazi: mtu hurudia mwendo uleule, kishikizo kikachubuka kwa ndani. Maelezo hayo yana ukweli mpaka leo. Mchezaji wa mpira, mkulima wa jembe la mkono, muuzaji anayesimama kutwa juu ya sakafu ya saruji, wote wanaweza kukichosha kishikizo kupita uwezo wake wa kujikarabati.

Mara nyingi, maumivu ya namna hii yakidumu, kinachobaki ni uchakavu kuliko mchochota. Mwaka 2003 Harvey Lemont na wenzake nchini Marekani walichunguza kwa hadubini vipande vya utando wa unyayo vilivyoondolewa katika upasuaji 50 wa watu wenye maumivu sugu ya kisigino. Hawakukuta seli za mchochota. Walikuta nyuzi zilizochakaa na kuparaganyika.

Lakini mwaka 1971 John Ball wa Manchester alichapisha mhadhara ulioonyesha upande wa pili. Alikuwa amechunguza mifupa ya wagonjwa wenye ugonjwa wa kukakamaa uti wa mgongo, unaoanza kwa vijana na unaoweza kuzigandisha pingili zikawa nguzo moja. Aliona kwamba mchochota huanza kwenye vishikizo: seli za kinga huula mfupa pale ligamenti inaposhika, kisha mwili hujaza pengo kwa mfupa mpya, na mfupa huo huendelea kukua hadi ukawa daraja kati ya pingili na pingili. Wagonjwa hao hawakuwa wanamichezo waliojiumiza. Kinga yao wenyewe ndiyo iliyokuwa ikiwashambulia.

Miaka miwili baadaye, 1973, makundi mawili ya watafiti, moja London na jingine Los Angeles, yaligundua kila moja kwa upande wake kwamba karibu wagonjwa wote wa aina hiyo wana alama moja ya kurithi iitwayo HLA-B27. London walikuta wagonjwa 72 kati ya 75 wanayo. Los Angeles walikuta 35 kati ya 40.

Panya walioning'inizwa

Basi mchochota wa vishikizo unaletwa na kazi nzito au na kinga iliyopotoka? Jibu zuri lilitoka Ghent, Ubelgiji, mwaka 2014. Watafiti walikuwa na panya wadogo wa maabara waliobadilishwa jeni ili miili yao izalishe kwa wingi TNF, protini inayochochea mchochota. Panya hao hupata ugonjwa wa vishikizo vya kisigino bila kukosa. Watafiti waliwainua baadhi yao kwa mkia, miguu ya nyuma isiguse chini, huku wakitembea kwa miguu ya mbele. Visigino vya miguu iliyopumzishwa havikupata mchochota kama vya wenzao waliotembea kawaida, ingawa miili yao ilibeba mabadiliko yaleyale ya jeni.

Kwa hiyo nguvu na kinga hukutana. Mzigo wa kila siku, ambao kwa mtu mwenye afya hauna madhara, kwa mwenye kinga iliyochochewa unatosha kuwasha moto.

Miaka miwili kabla ya hapo, watafiti nchini Marekani walikuwa wamegundua kwamba ndani ya vishikizo vya panya kuna seli za kinga zinazoishi humo daima, zikisubiri ishara ya kemikali iitwayo interleukini-23. Walipoipandisha kemikali hiyo mwilini, vishikizo vilipata mchochota. Interleukini-23 huzalishwa kwa wingi kwenye ngozi yenye soriasisi na kwenye utumbo wenye mchochota. Hapo ndipo mambo ambayo madaktari walikuwa wakiyaona kwa miaka mingi yalipoanza kueleweka: kwa nini mtu mwenye magamba ya soriasisi kwenye viwiko huumwa visigino, na kwa nini mwingine, wiki chache baada ya kuhara damu au kupata klamidia, huamka goti limevimba, macho mekundu, na unyayo haukanyagiki.

Afrika haimo kwenye vitabu vya Ulaya

Ulaya ya kaskazini, watu takriban 8 kati ya 100 wana HLA-B27. Kwa jamii nyingi za Afrika kusini mwa Sahara hawafiki hata mmoja. Kutokana na hilo, kwa muda mrefu ilidhaniwa kwamba maradhi haya hayapo kwetu. Ni kweli kwamba yale ya uti wa mgongo ni machache, lakini machache hayamaanishi hayapo. Mgonjwa wa Dar es Salaam, Mombasa au Bujumbura anaweza kuwa na mchochota wa vishikizo huku kipimo chake cha HLA-B27 kikionyesha hana. Kipimo hicho peke yake kisimnyime mtu tiba.

Tena Afrika imewafundisha wengine. Janga la Ukimwi lilipopamba moto, kabla dawa za kufubaza virusi hazijasambaa, madaktari wa Zambia na nchi jirani walianza kupokea vijana wengi wenye viungo vilivyovimba na visigino visivyokanyagika. Njobvu na McGill, waliofanya kazi Lusaka, walichapisha mwaka 2000 matokeo yaliyoonyesha kwamba karibu kila mgonjwa wao wa yabisi inayoambatana na soriasisi alikuwa na virusi vya Ukimwi. Maradhi yaliyokuwa adimu yaliongezeka bila jeni kubadilika. Kilichobadilika ni hali ya kinga. Mpaka leo, mtu anayeugua hivi ghafla anastahili kupimwa virusi hivyo, kwa heshima na bila kunyooshewa kidole.

Namna ya kuzitofautisha

Dalili moja inabeba uzito kuliko nyingine: maumivu yanafanya nini ukipumzika? Kishikizo kilichochakaa huuma ukikitumia na hutulia ukikipumzisha. Mwenye uchakavu wa unyayo huumia sana hatua za kwanza asubuhi, lakini dakika chache baadaye hupata nafuu. Mwenye mchochota unaotokana na kinga hukakamaa kwa nusu saa au zaidi, huamshwa na maumivu usiku wa manane, na hupata nafuu anapojishughulisha. Mgongo wa kijana unaouma kwa zaidi ya miezi 3, uliouma kwa mara ya kwanza kabla ya miaka 45, ukiwa na tabia hiyo, haupaswi kuitwa uchovu wa kazi.

Ongeza juu ya hapo mambo mengine ya kuuliza. Je, kuna soriasisi kwake au kwa ndugu wa damu? Je, jicho liliwahi kuwa jekundu, likauma na kuchukia mwanga? Je, kidole kizima kimevimba? Je, kuna kuhara kwa muda mrefu? Je, visigino vyote viwili vinauma? Daktari hubonyeza vishikizo kimoja kimoja kutafuta panapouma. Ultrasaundi inaweza kuonyesha damu inayopita mahali ambapo kwa kawaida haipiti, na mashine ya MRI huonyesha majimaji ndani ya mfupa. Vipimo vya damu vinaweza kutoka safi ilhali mgonjwa anaugua kweli.

Tiba

Kwa kishikizo kilichochoka, dawa kubwa ni mzigo uliopimwa. Mwaka 1998 Håkan Alfredson wa Umeå, Sweden, aliwapa wakimbiaji 15 wenye maumivu sugu katikati ya kano ya kisigino zoezi la kushusha kisigino polepole, mara 180 kwa siku, kwa wiki 12. Wote walirudi kukimbia. Lakini zoezi hilo likifanywa ukingoni mwa ngazi, kisigino kikashuka chini ya usawa wa kidole, hukandamiza kano kwenye mfupa, na wenye maumivu kwenye kishikizo chenyewe hawakunufaika sana. Lilipobadilishwa, kisigino kikaishia sakafuni, takriban theluthi mbili waliridhika. Ukiumwa pale kano inaposhika mfupa, usijinyooshe kwa nguvu ukutani au kwenye ngazi.

Jihadhari na dawa mbili. Sindano ya stiroidi karibu na kano ya kisigino inaweza kuifanya ikatike. Na antibiotiki iitwayo siprofloksasini, ambayo wengi huinunua duka la dawa bila cheti, pamoja na ndugu zake, zinaweza kudhuru kano. Tangu 2008 nchini Marekani zinatakiwa kubeba onyo kali kuhusu hatari hiyo.

Kwa mchochota unaotokana na kinga, hatua ya kwanza ni dawa kama ibuprofeni au diklofenaki chini ya uangalizi, kwa sababu huumiza tumbo na figo, pamoja na mazoezi ya kila siku. Zisipotosha, zipo dawa za kuzuia TNF na interleukini-17. Zile za kuzuia interleukini-23 zimesaidia wenye soriasisi na yabisi yake, ila zilipojaribiwa kwa waliokakamaa uti wa mgongo hazikufua dafu, jambo linaloonyesha kwamba kishikizo cha mgongo kina siri zake. Dawa hizi ni ghali, na zile za kuzuia TNF zinaweza kuamsha kifua kikuu kilicholala, hivyo katika nchi zetu kupima kifua kikuu kabla ya kuanza ni lazima.

Huko Ulaya, penye mashine zote hizi, uchunguzi mkubwa wa wagonjwa katika nchi 13 ulionyesha kwamba kutoka dalili ya kwanza hadi kujulikana kwa ugonjwa wa uti wa mgongo hupita wastani wa zaidi ya miaka 7. Kwetu, penye mashine chache, tusikae kusubiri mashine. Kumuuliza mgonjwa kama maumivu yanazidi anapopumzika au anapofanya kazi hakugharimu senti, na muuguzi wa zahanati ya kijiji anaweza kuuliza sawa na bingwa wa hospitali ya rufaa. Swali hilo liulizwe kwa kila kijana anayekuja na mgongo au kisigino kwa mara ya pili, na jibu lake liandikwe kwenye kadi. Na wewe unayeumwa, usingoje kuulizwa: litamke jibu hilo kabla hujapewa tembe nyingine za maumivu.