Abbas Kiarostami na Fani ya Kuficha

Abbas Kiarostami, mwongozaji wa filamu wa Iran, alizaliwa Tehran mwaka 1940 na kufariki Paris mwaka 2016. Alisomea uchoraji katika Chuo Kikuu cha Tehran, kisha akasaidia kuanzisha idara ya filamu katika taasisi ya kukuza fikra za watoto na vijana. Humo alitoa filamu yake ya kwanza, Mkate na Kichochoro (1970).

Msingi wa fani yake ni kuficha. Katika Upepo Utatuchukua (1999), mchimbaji aliyemo shimoni husikika tu. Bikizee ambaye kifo chake kinangojewa haonekani kamwe. Katika Ladha ya Cheri (1997), iliyopata Palme d'Or huko Cannes, mtu anatafuta wa kumzika atakapojiua. Sababu haitajwi, wala haielezwi kama alikufa.

Yaweza kudhaniwa kwamba huo ni upungufu wa usimulizi. Sivyo. Kiarostami alishikilia kwamba filamu haina budi kuachwa na mapengo, ili mtazamaji aikamilishe. Imani hiyo ilijaribiwa nchini Uganda, alikotengeneza ABC Africa (2001) kuhusu mayatima wa UKIMWI. Usiku mmoja umeme unakatika, na kwa dakika kadhaa hadhira haioni ila giza. Sauti tu ndizo zisikikazo. Awali mtazamaji huwatazama watu kama mgeni. Gizani hushirikishwa maisha yao. Hapo kuficha hakubaki kuwa suala la fani pekee, bali huwa sehemu ya maudhui.