Fahamu: Kiswahili cha Katanga kwenye sinema

Augure ni filamu gani?
Ni filamu ndefu ya kwanza ya Baloji, mzaliwa wa Lubumbashi aliyekulia Ubelgiji. Mwaka 2023 ilitunukiwa tuzo ya Sauti Mpya kwenye tamasha la filamu la Cannes. Wahusika huzungumza Kiswahili, Kilingala na Kifaransa.

Inawagusaje watu wa Manono?
Hadi 2015, miji ya Manono na Lubumbashi, nchini Kongo (DRC), ilikuwa katika jimbo moja, Katanga. Katika filamu, mhusika Koffi anatoka Ulaya na mchumba wake kuja Kongo kutoa mahari. Akiwa amempakata mtoto mchanga, pua inamtoka damu, na ndugu wanamwona mchawi. Mahari na lawama za uchawi ni mambo ambayo mtu wa Manono hahitaji kuelezwa na mgeni.

Je, wengine wamefanyaje sinema kwa lugha yao?
Kerala, India, imejenga sinema yake kwa Kimalayalam. Chemmeen (1965), iliyotokana na riwaya ya Thakazhi Sivasankara Pillai, ilionyesha imani za wavuvi wa pwani ya Kerala.

Tofauti iko wapi?
Kerala ina watayarishaji, kumbi na watazamaji wake. Augure ilitegemea ushirikiano na Ulaya. Hata kwenye tuzo za Oscar, nchi iliyoiwasilisha ni Ubelgiji.