Askari wa Getini Hauoni Moto wa Bwenini

Kila muhula wa pili swali ni lile lile, Karatina, Nanyuki, Kerugoya, Meru: kwa nini OCS asituwekee askari wawili getini hadi mitihani ya majaribio iishe? Huuliza wazazi, huuliza wanabodi, na siku hizi huuliza hata wakuu wa shule, ambao walipaswa kujua. Mimi kazi yangu ni usalama wa shule, na jibu langu ni hapana.

Askari wa getini hutazama barabara. Hatari ya shule ya bweni iko nyuma ya mgongo wake. Mwaka wa 1999, katika Shule ya Upili ya Nyeri, viranja wanne waliteketezwa chumbani mwao walimolala. Waliofanya unyama huo hawakuruka ua. Walikuwa wanafunzi wenzao. Katika shule ya St Kizito, Tigania, Julai 1991, waliovunja bweni la wasichana na kusababisha vifo 19 walikuwa wavulana wa shule iyo hiyo, wenye hasira kwamba wasichana walikataa kugoma. Kule Kyanguli, Machakos, Machi 2001, walikufa wavulana 67, mlango mmoja ukiwa na kufuli na madirisha yakiwa na grili. Nioneshe, mzazi mwenzangu, ni katika mkasa upi kati ya hiyo askari wa getini angeokoa mtoto. Petroli ikishamwagwa godoroni, hata akikimbia vipi atafika kuhesabu waliotoka.

Kisha huja jibu la pili: basi askari waingie ndani, walale karibu na mabweni. Hapa uvumilivu huniishia. Januari 2015 wanafunzi wa Shule ya Msingi ya Lang'ata Road, Nairobi, waliandamana kutetea uwanja wao wa kuchezea uliokuwa umenyakuliwa, wakapigwa vitoa machozi na polisi. Watoto wa shule ya msingi, mchana kweupe, kamera zikiwatazama! Sasa mnataka bunduki saa nane za usiku, gizani, katikati ya vijana wa miaka 16 waliokwisha kukasirika?

Kuna hasara nyingine isiyoonekana upesi. Mgomo hauzuki usiku mmoja. Kabla ya moto huwa kuna minong'ono, vikaratasi, maandishi ya ukutani, mtu kuhamisha sanduku lake kimyakimya. Bweni zima hujua, na daima yupo mmoja mwenye hofu anayetafuta mtu wa kumwambia. Siku Landrova ya polisi inapoegeshwa mbele ya ofisi ya mkuu wa shule, huyo mmoja hufunga mdomo, maana sasa akisema atakuwa amewauza wenzake kwa polisi. Tumejifungia wenyewe mlango wa habari, na habari ndiyo ulinzi wa pekee unaotangulia kiberiti.

Polisi wana kazi yao. Wanafunzi wakimwagika kwenye barabara ya Nyeri kwenda Nyahururu, wasimamishe malori. Shule ikifungwa, ifungwe mchana, nao wasindikize watoto hadi kwenye matatu. Moto ukitokea, walinde eneo hadi wapelelezi wafike, na mtoto ahojiwe mzazi wake akiwapo.

Mengine ni yenu. Mwongozo wa usalama wa mwaka 2008 unataka madirisha ya bweni yasiwe na grili, milango ifunguke kwa nje, vitanda viachane mita 1.2. Ulikuwa na miaka 16 tulipopoteza watoto 21 pale Hillside Endarasha, Kieni, Septemba 2024. Usomeni. Hesabuni wanafunzi kila usiku, kitanda kwa kitanda. Fanyeni zoezi la kutoka bwenini gizani. Baraza la wanafunzi lijibiwe ndani ya juma moja, hata kama jibu ni hapana. Matroni awe mtu ambaye mtoto anaweza kumwamsha. Na zile pesa bodi inazotaka kutenga kwa chai na posho ya askari, zimlipe kwanza fundi wa kung'oa grili, wiki hii, kabla ya mitihani kuanza.