Ujira wa Mchora Katuni

Sekunde moja ya filamu ya katuni hula picha 24, basi filamu ya dakika 90 hula picha 129,600. Na ijapokuwa wachoraji wa Kijapani, kwa kupunguza taabu na gharama, aghalabu hutumia mchoro mmoja kwa picha mbili au tatu mfululizo, bado hubaki maelfu kwa maelfu ya michoro iliyopita mikononi mwa vijana ambao wengi wao hulipwa kwa hesabu ya michoro waliyoimaliza, na ambao majina yao hupita mbio mwishoni, wakati mtazamaji amekwisha inuka kitini.

Nimeanza na hesabu hiyo kwa kuwa apakuaye filamu ya wizi hudhani amemdokolea tajiri kitu asichokihisi. Insafu yataka niseme pia kwamba hata ada ya halali haimfikii mchoraji moja kwa moja, bali hupita kwanza kwa wenye mtaji waliogharimia kazi. Lakini hao ndio waagizao kazi ijayo, na pasipo mapato hawaagizi.

Kisa cha Crunchyroll chafaa kuzingatiwa. Mtandao huo ulizaliwa California mwaka 2006, na mwanzo wake haukuwa wa sifa: mashabiki walipandisha humo katuni za Kijapani bila ya idhini ya wenyewe, nyingi zimefasiriwa na mashabiki wenzao, kwa kuwa mtu aliye nje ya Japani, akizitaka kwa njia ya halali, alingoja miezi, pengine miaka, na nyingine hazikumfikia abadani. Januari 2009 mambo yakageuka: zilizoingia bila ruhusa zikaondolewa, na kwa mapatano na kituo cha televisheni cha TV Tokyo ikaanza kuonyeshwa katuni ya Naruto Shippuden, pamoja na tafsiri chini ya picha, muda mfupi tu baada ya kuonyeshwa Japani kwenyewe. Wateja wa kulipa wakapatikana. Na mwaka 2021 Sony ikaununua mtandao ule kwa dola milioni 1,175. Kwangu mimi hoja hii ni nzito kuliko waadhi wowote, maana yadhihirisha kwamba wengi hawakuupenda wizi, bali walichoshwa na kungoja.

Kwetu uharamia huo hata si wa bure, na hilo ndilo linichekeshalo. Kijana hupeleka flashi yake kibandani, akatoa fedha taslimu ajaziwe filamu, na fedha hizo humwendea mwenye kibanda, asiyechora mstari wala kufasiri neno. Mimi mwenyewe nilipata kurudi na flashi iliyojaa, nikaichomeka kwenye kompyuta, ikanipa kirusi kabla ya kunionyesha katuni. Fauka ya hayo, Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki tangu mwaka 1999, na Kenya ina yake ya 2001, ambazo mwenye kibanda ama hazijui, ama hujifanya hazijui.

Uzito wa bei ya bando la intaneti, kwa atakaye kutazama kwa njia ya halali, siukatai. Hata hivyo Netflix, ambayo mwaka 2020 ilianza kuonyesha filamu za katuni za Studio Ghibli ya Japani katika nchi nyingi nje ya Japani na Amerika ya Kaskazini, humruhusu mteja kuhifadhi filamu nyingi ndani ya simu akiwa penye waifai, akazitazama baadaye bila ya intaneti. Na asiyeweza ada ya mwezi na aanzie nyumbani: Ubongo Kids, katuni za hesabu na sayansi zilizoanza Dar es Salaam mwaka 2014, zimewekwa YouTube kwa Kiswahili na wenyewe waliozitengeneza, wala kuzitazama hakuna malipo ila bando.