Sipahi ni nani?

Mzee anayelinda lango la mtaa wetu ni mpenzi wa tamthilia za Kituruki zilizotiwa sauti za Kiswahili. Juzi, kabla sijamaliza kumwamkia, alinirukia na swali: "Mwalimu, huyu sipahi ni nani? Namwona ni askari kama mimi, lakini yeye ana farasi na wanakijiji wanamwinamia."

Neno lenyewe ni la Kiajemi. *Sipah* ni jeshi, na *sipahi* ni mtu wa jeshi. Farasi hayumo ndani yake hata kidogo. Waliompandisha juu ya farasi ni Waturuki wa dola ya Uthmaniya. Huko sipahi kwa kawaida hakulipwa mshahara. Alipewa haki ya kukusanya kodi ya vijiji fulani, mpango ulioitwa timari. Kwa mapato hayo alijinunulia farasi na silaha, na aliyekuwa na kodi nyingi alilazimika kuja vitani na wapiganaji wake. Asipoitika mwito wa vita, aliweza kunyang'anywa. Ndiyo maana wanakijiji walimwinamia: alikuwa ndiye mwenye kudai kodi.

India neno hilohilo lilitembea kwa miguu. Sipahi wa huko alikuwa hasa askari wa kawaida aliyeajiriwa na kampuni ya Waingereza, nao wakalitamka *sepoy*. Hao ndio walioasi mwaka 1857. Nimewahi kusoma tafsiri iliyowaita wote "wapanda farasi", nikasikitika. Mfasiri hakuuliza kwanza ni sipahi wa wapi. Algeria, Wafaransa wakamrudisha juu ya farasi kwa jina la *spahi*. Na hapa kusini mwetu, Msumbiji, neno lilipitia kwa Wareno likawa sipaio, polisi Mwafrika wa serikali ya kikoloni, aliyeogopwa kwa sababu ya kodi na kazi za kulazimishwa.

"Na sisi askari, je?" akauliza mzee.

Nikamwambia letu limetoka Kiarabu, *askar*, yaani jeshi. Tena kwa Waturuki haohao, *askeri* lilikuwa jina la tabaka zima la watumishi wa sultani: wanajeshi, makadhi na makarani. Sipahi alikuwa mmoja wao. Na watu wa tabaka hilo walisamehewa kodi wanazotozwa raia.

Mzee alicheka mpaka rungu likamponyoka. "Askari halipi kodi! Hebu niandikie hayo kwenye karatasi, nimpelekee anayenikata mshahara."

Gari likapiga honi, akaenda kufungua lango.